ULINZI WA POLISI KWA MACHIMBO YENYE KIBALI: MIPAKA YA AMRI YA MAHAKAMA

Hutokea mtu akapewa kibali halali cha kuchimba mawe, lakini siku ya kuanza kazi akakuta wanakijiji wameziba njia na magari hayapiti. Je, anaweza kuiomba Mahakama iwaamuru polisi wamlinde? Na amri hiyo ikitolewa, wakaazi hubaki na haki gani? Jambo hili linaelezeka vyema kwa mfano wa Jimbo la Kerala, kusini-magharibi mwa India, ambako maombi ya aina hii hufikishwa mbele ya Mahakama Kuu iliyoko Kochi.

Ibara ya 226 ya Katiba ya India inaipa Mahakama Kuu uwezo wa kuamuru mamlaka ya Serikali itekeleze wajibu wake wa kisheria. Mwenye machimbo huwasilisha ombi na hati ya kiapo, akieleza kwamba alikwenda kwa polisi na hakusaidiwa. Polisi na wanaodaiwa kuzuia kazi huitwa kujibu. Kwa kawaida Mahakama hutazama mambo mawili: kwamba vibali vipo na havijakwisha muda, na kwamba kazi inazuiwa kwa nguvu.

Kibali cha uchimbaji pekee hakitoshi. Kwa mujibu wa Sheria ya Madini ya mwaka 1957, mawe ya ujenzi, kokoto na mchanga wa kawaida ni madini madogo, na kanuni zake hutungwa na jimbo. Kerala ilitunga zake mwaka 2015. Aidha, huhitajika idhini ya bodi ya kudhibiti uchafuzi, leseni ya halmashauri ya kijiji, na leseni ya baruti pale miamba inapolipuliwa. Tarehe 27 Februari, 2012 Mahakama ya Juu ya India iliamua kwamba hata machimbo yasiyofikia hekta 5 lazima yapate kwanza kibali cha mazingira. Kimojawapo kikikosekana, ombi la ulinzi hupoteza msingi wake.

Ieleweke kwamba amri ya ulinzi haimpi mchimbaji haki mpya. Akivuka mipaka ya eneo lake au akikiuka masharti ya kibali, amri hiyo haimkingi. Wala haiwafungi wakaazi midomo, kwani Ibara ya 19 ya Katiba hiyo inawapa raia haki ya kukusanyika kwa amani bila silaha. Kinachokatazwa ni kuziba njia, kuwatisha wafanyakazi na kuharibu mitambo. Mkaazi ambaye nyumba yake imepata ufa au kisima chake kimekauka hupeleka malalamiko kwa mamlaka iliyotoa kibali, au katika Baraza la Taifa la Mazingira lililoundwa kwa Sheria ya mwaka 2010. Huko ndiko uhalali wa machimbo hupimwa. Askari aliyesimama barabarani hana uwezo huo.

Sheria za nchi hutofautiana, lakini visiwani nako mawe, mchanga na kifusi huchimbwa kwa kibali. Mtumishi anayetia saini bila ya kukagua eneo na kuwasikiliza majirani huwaachia polisi mgogoro ambao ungeweza kumalizwa mezani. Mwananchi naye, kabla ya kuweka magogo njiani, ni vyema aulize kibali kinasema nini na kinakwisha lini.