Mwani wa Kahawia: Je, Ni Mmea?

Katika somo la tafsiri muhula uliopita, tuliwapa wanafunzi wa mwaka wa pili kifungu kifupi kuhusu viumbe vya baharini. Mmoja wao aliandika kwamba mwani "umeotesha mizizi juu ya mwamba", nasi tukampa alama zote. Mwenzake akanyoosha mkono na kuuliza: "Mwalimu, mzizi huo unafyonza nini kwenye jiwe?" Hatukuwa na jibu. Makala haya ndiyo jibu letu, ingawa limechelewa.

Wengi wetu hapa Uganda tumekulia mbali na bahari. Tusikiapo neno mwani, fikra zetu hukimbilia magugumaji ya Ziwa Viktoria. Lakini magugumaji ni mmea kamili, wenye mizizi, majani na maua. Mwani hauna hata kimoja kati ya hivyo. Kamusi tulizozoea huueleza kuwa ni majani au mimea ya baharini. Maelezo hayo yanatosha katika mazungumzo ya kawaida, ila yanaweza kumpotosha anayefasiri matini ya kisayansi.

Tuchukue mfano wa mwani uitwao kitaalamu Turbinaria ornata. Huu hupatikana katika bahari za joto za Hindi na Pasifiki, ikiwa ni pamoja na miamba ya matumbawe ya Kenya na Tanzania. Jina la Turbinaria limetokana na neno la Kilatini lenye maana ya pia, yaani kile kichezeo cha watoto kinachozungushwa chini. (Hapa mwalimu wa sarufi atapata mfano mzuri wa homonimu.) Vijani vyake ni vigumu, vina umbo la pia na kingo zenye miiba. Kwa kawaida urefu wake hauzidi sentimita 30.

Rangi yake ya kahawia hutokana na fukozantini, ambayo huifunika rangi ya kijani ya klorofili. Klorofili hiyo imo, na mwani huu hujitengenezea chakula kwa mwanga wa jua kama mimea ifanyavyo. Hata hivyo, kinasaba mwani wa kahawia uko karibu zaidi na diatomu, vile viumbe vidogo vya majini visivyoonekana kwa macho matupu, kuliko mgomba au mhindi.

Sasa turudi kwenye lile swali la mwanafunzi. Sehemu inayoshika mwamba haifyonzi chochote kutoka kwenye jiwe. Kazi yake ni kuuzuia mwani usichukuliwe na mawimbi, kama nanga inavyozuia chombo. Maji na virutubisho huingia kupitia ngozi ya mwili wake kutoka katika bahari inayouzunguka.

Mwani huu hauna maua wala mbegu. Huachia mayai na mbegu za kiume majini, na yai lililorutubishwa huzama na kushika mwamba, mara nyingi karibu na mzazi wake. Aidha, baadhi ya vijani huwa na vifuko vya hewa. Mwani ukikatika, huelea na kusafiri mbali ukiwa bado na uwezo wa kuzaa. Kwa njia hiyo, tangu miaka ya 1980 umeenea sana katika visiwa vya Polinesia ya Ufaransa, na kuchukua nafasi kwenye miamba ya matumbawe.

Kuhusu matumizi, nchini Indonesia mwani wa jamii ya Turbinaria huliwa mbichi au huwekwa kwenye siki kama achari. Katika jimbo la Tamil Nadu, India, huvunwa pamoja na Sargassum ili kutoa alijinati, kitu kinachofanya vimiminika viwe vizito. Alijinati iligunduliwa na mkemia Mwingereza E. C. C. Stanford katika miaka ya 1880, na hutumika katika aiskrimu, katika kuchapa rangi za vitambaa, katika vidonda na kwa madaktari wa meno.

Tahadhari moja inafaa. Si kila mwani wa kahawia unafaa kuliwa ovyo. Mwaka 2004, mamlaka ya chakula ya Uingereza iliwashauri watu wasile hijiki, mwani wa kahawia unaopendwa Japani, kwa sababu una arseniki nyingi.

Vilevile, tusiuchanganye mwani huu na ule unaolimwa Zanzibar kibiashara tangu mwaka 1989, ambao wakulima wake wengi ni wanawake. Ule ni wa kundi la mwani mwekundu, hata pale unapoonekana wa kijani au kahawia, na kinachotafutwa kwake ni karajinani, si alijinati.

Kwa mintarafu hiyo, tunawapendekezea walimu wenzetu mambo mawili. Kwanza, katika matini za kisayansi tuuite mwani kiumbe cha baharini, na mahali pa mzizi tutumie kishikio. Pili, kabla ya kusahihisha neno, tuulize kwanza kitu chenyewe kinafanya kazi gani.

Yule mwanafunzi wa kwanza hatukumnyang'anya alama zake. Kosa lilikuwa letu. Aliyeuliza swali ndiye tuliyemwongezea.