Biskuti za siagi na chai ya kijani: kwa nini hugeuka kahawia, na namna ya kuzioka zibaki kijani

Nchini Japani, biskuti za siagi zenye ladha ya chai ya kijani huuzwa madukani na pia huokwa nyumbani. Mapishi yake hayana ugumu mwingi. Hata hivyo, wengi wanaojaribu kwa mara ya kwanza hutoa kwenye oveni biskuti za rangi ya kahawia, chungu, zisizonukia chai. Na kwa kuwa unga wa chai hiyo ni ghali, hasara huuma. Katika makala hii tunaeleza kinachotokea na namna ya kukiepuka.

Matcha ni nini?

Chai inayotumika ni matcha, yaani majani ya chai ya kijani yaliyosagwa yakawa unga laini kama poda. Eneo la Uji, karibu na mji wa Kyoto, linasifika kwa chai hii tangu zamani. Wiki kadhaa kabla ya mavuno, wakulima huifunika michai isipigwe na jua. Kivulini, majani huongeza klorofili, ile inayoyapa rangi ya kijani, na hubaki na ladha tamu isiyo kali. Baada ya kuchumwa hupigwa mvuke, hukaushwa, huondolewa vikonyo na mishipa, kisha husagwa. Jiwe la kusagia hutoa takriban gramu 40 tu kwa saa. Hiyo ni sababu mojawapo ya bei yake kuwa juu.

Kwa nini rangi hupotea?

Katikati ya kila molekuli ya klorofili kuna atomu moja ya magnesiamu. Joto kali, hasa penye uchachu, huiondoa atomu hiyo, na kijani kibichi hugeuka rangi ya zeituni iliyofifia. Mwanga na hewa nao huichakaza taratibu. Ndiyo maana tunashauri mambo matatu: moto wa wastani, muda mfupi, na kuhifadhi unga kwenye kopo lisilopitisha mwanga wala hewa.

Unaponunua, soma maelezo ya pakiti. Baadhi ya unga unaouzwa kwa jina la chai ya kijani umechanganywa na sukari na maziwa, hivyo utaharibu vipimo. Usinunue ile ya bei ya juu kabisa iliyokusudiwa kunywewa. Ya kupikia inatosha. Majani ya kawaida yaliyosagwa nyumbani hayatoi matokeo yaleyale, kwani hubaki na chenga na uchungu.

Mahitaji

Siagi isiyo na chumvi gramu 100, sukari ya unga gramu 50, kiini cha yai 1, unga wa ngano gramu 140, matcha gramu 8 (takriban vijiko 4 vya chai), na chumvi kidogo sana.

Namna ya kuoka

Acha siagi ilainike bila kuyeyuka. Ichanganye na sukari na chumvi hadi iwe laini, kisha tia kiini cha yai. Chekecha unga wa ngano pamoja na matcha, kwa sababu matcha hushikana na kufanya mabonge. Changanya polepole, ukikanda sana, biskuti zitakuwa ngumu.

Viringisha donge liwe kama gogo lenye unene wa sentimita 4, lifunge, uliweke kwenye friji kwa saa moja. Siagi ikiganda, biskuti hazitatanuka ovyo motoni. Kata vipande vya unene wa milimita 7 hivi, uvioke kwa nyuzi joto 160 kwa dakika 15 hadi 18.

Usisubiri zigeuke kahawia juu kama biskuti nyingine. Tazama chini yake: kingo zikianza kubadilika rangi kidogo, zitoe. Zitakuwa bado laini, lakini hukauka zikipoa. Ukiona zinaiva haraka, zifunike kwa karatasi ya foili.

Jambo la mwisho: matcha ni jani zima, na lina kafeini. Watoto wasipewe nyingi, hasa jioni. Kwa watu wazima, biskuti mbili na kikombe cha chai isiyo na sukari zinatosha kutuliza mchana.