Umepelekea Leta vitu, hawajakulipa: tribinali inaweza kufanya nini?

Mfanyabiashara wa Bunia, Beni ao Kindu anapeleka mabenchi ao karatasi kwa ofisi ya Leta, kisha anangojea pesa miaka na miaka. Pesa ya Leta inapita hatua nne: kuingia deni, kuhakikisha deni, kutoa amri ya kulipa, na kulipa. Fakitire inaweza kukwama hata kisha amri kutoka.

Ukishitaki, jaji anaangalia karatasi. Sheria namba 10/010 ya tarehe 27/4/2010 inataka kontra ya kuandikwa. Neno la mdomo la shefu wa ofisi halitoshi. Karatasi ya kupokea vitu, yenye sahihi na muhuri, ndiyo inakusaidia.

Lakini kushinda kesi si kulipwa. Kongo iko ndani ya OHADA tangu 2012, na sheria yake inakataza kukamata mali ya Leta kwa nguvu. Motokari ya ofisi haiguswi. Kuna njia moja: kama na wewe Leta inakudai, deni linaweza kukatwa kwa deni, mradi lako limehakikishwa na siku yake imefika.

Basi, kabla vitu havijatoka dipo, sahihi itangulie.