Ágnes Hranitzky, mhariri wa vipande 39

Werckmeister harmóniák, filamu ya Hungaria ya mwaka 2000, ina urefu wa dakika 145 na vipande 39 tu. Kipande ni picha inayoonyeshwa mfululizo bila kukatwa, kutoka mkato mmoja hadi mwingine. Katika filamu nyingi za kibiashara hakizidi sekunde chache. Basi ni haki kuuliza: mhariri wa filamu kama hiyo alifanya kazi gani?

Jina lake ni Ágnes Hranitzky, nami namhesabu miongoni mwa wahariri wakubwa wa sinema ya Ulaya. Alianza kuhariri filamu za mwongozaji Béla Tarr, Werckmeister ikiwamo, kwa Szabadgyalog ya 1981, akaendelea hadi A torinói ló ya 2011.

Kwa kawaida mhariri hupokea kazi wengine wakishamaliza. Mwigizaji akikosea, mhariri hukata, akaonyesha uso wa mwenzake au dirisha, na kosa likafichika. Kipande cha dakika kumi hakina pa kufichia kitu. Kikiharibika dakika ya tisa, kinarudiwa chote. Ndiyo maana Hranitzky alikuwapo wakati wa kurekodi: mwendo wa filamu uliamuliwa palepale. Ukanda nao ulikuwa na kikomo chake, maana mita 300 za filamu ya milimita 35 huisha kwa dakika kumi na moja hivi.

Tazama umati unavyovamia hospitali katika Werckmeister. Wanaume wanapita chumba hadi chumba, wanapiga wagonjwa, wanavunja kila kitu, na kamera inawafuata bila kukatika. Wanavuta pazia la bafu. Nyuma yake amesimama mzee aliye uchi, mifupa mitupu. Muziki wa Mihály Víg unaingia. Mikono inashuka, wanageuka kuondoka. Mhariri mwenye haraka angetuacha na uso wa yule mzee, tumhurumie, yaishe. Hapa tunabaki na waliopiga, tukitazama migongo yao kwa muda mrefu mpaka tuone kwamba nao ni binadamu, jambo ambalo ni zito zaidi kulikubali. Huko kungoja ndiko kuhariri.

Njia nyingine ni kurudia. Katika Sátántangó ya 1994, yenye zaidi ya saa saba, ngoma ile ile ya walevi baani inaonekana mara ya kwanza kupitia dirishani, kwa macho ya msichana mdogo, kisha baadaye kutoka ndani. Katika A torinói ló baba na binti wanakula kiazi kila siku: siku moja tunamtazama baba, nyingine binti. Chakula hakibadiliki, tunachojua kuwahusu ndicho kinachoongezeka.

Tangu Werckmeister, Hranitzky anatajwa pia kuwa mwongozaji mwenza. Ndivyo ilivyo katika A torinói ló, iliyopata Dubu wa Fedha, Tuzo Kuu ya Majaji, katika tamasha la Berlin 2011. Hata hivyo makala nyingi bado humtaja Tarr peke yake, na huo ni udhalimu ambao waandishi wa sinema tunaweza kuuondoa kwa kuandika majina mawili.