Mwenye Mkeka na Mwandishi Mkuu: Vyeo vya Juu vya Uongozi wa China na Majina Yake katika Kiswahili

Mwezi wa Mei 2023, Félix Tshisekedi, Rais wa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, alifanya ziara ya kiserikali nchini China, akapokelewa Beijing na Xi Jinping. Anayeisimulia habari hiyo kwa Kifaransa hutaja «président» mara mbili, na anayeisimulia kwa Kiswahili husema Rais Xi na Rais Tshisekedi. Kichina hakiwaiti watu hao wawili kwa neno moja. Mgeni huitwa «zongtong», na mwenyeji huitwa «zhuxi». Marais wa Marekani, wa Ufaransa na wa Kongo ni «zongtong» wote. Mkuu wa dola ya China siye.

Tofauti hiyo si ya adabu wala si ya mapambo ya lugha. Imebeba historia ya zaidi ya miaka 100, na anayeifuta kwa neno moja la Rais hupoteza ufunguo wa kuelewa ni nani hasa anayetawala China, na kwa cheo kipi. Yafaa basi kuanza na maneno yenyewe, kisha kutazama vyeo.

Neno «zhuxi» lina sehemu mbili. Ya kwanza ina maana ya bwana au mwenyeji. Ya pili ni mkeka au jamvi, kwani Wachina wa kale walikuwa wakikaa juu ya mikeka kabla viti havijaenea kwao. Ni kana kwamba Mswahili angesema «mwenye mkeka» pale anaposema «mwenyekiti». Lugha mbili zisizo na undugu zimemtambulisha mkuu wa kikao kwa kitu anachokikalia. Kinyume chake, «rais» limetoka katika neno la Kiarabu lenye maana ya kichwa. Mwenyekiti huwa ni mwenyekiti wa watu waliokaa pamoja naye, lakini kichwa ni kimoja tu katika mwili. «Zongtong» nalo liko upande wa kichwa, maana limeundwa kwa maneno mawili yenye maana ya «yote» na «kuongoza».

China ilianza na «zongtong». Tarehe 1 Januari 1912, Sun Yat-sen aliapishwa mjini Nanjing kuwa Rais wa muda wa Jamhuri, kwa cheo cha «dazongtong», yaani «zongtong» mkubwa. Baada ya muda mfupi cheo hicho kilimwangukia Yuan Shikai, jenerali aliyekiona hakimtoshi: mwishoni mwa 1915 alijitangaza kuwa mfalme, akalazimika kuuacha ufalme Machi 1916, na akafa Juni mwaka uleule. Waliokuja baada yake Beijing walikuwa marais wa jina chini ya majemadari wenye majeshi. Si ajabu kwamba serikali ya chama cha Guomindang, kuanzia 1928, ilipendelea kumwita mkuu wake «zhuxi», ikilirudia jina la «zongtong» mwaka 1948 tu. Jina hilo lilihamia Taiwan, ambako linatumika mpaka leo. Wakomunisti nao walikuwa wamekwisha kulichukua «zhuxi» mapema: Novemba 1931, walipotangaza jamhuri yao ya kisovyeti huko Ruijin katika jimbo la Jiangxi, Mao Zedong aliwekwa kuwa mwenyekiti wa kamati yake kuu ya utendaji. Hapo ndipo alipoanza kuitwa Mwenyekiti Mao.

Katika jambo hili Kiswahili kilikuwa sahihi kuliko Kifaransa. Idhaa ya Kiswahili ya Radio Peking, iliyoanzishwa mwaka 1961, na vitabu vilivyochapwa Beijing kwa Kiswahili vilisema «Mwenyekiti Mao», ilhali msomaji wa Kifaransa aliambiwa «le président Mao» na akadhani kwamba ni rais. Kifaransa hakina budi, kwa sababu «président» ni wa mkutano, ni wa chama, ni wa jamhuri. Lakini Mao alikuwa mkuu wa dola kwa miaka 10 tu, kuanzia 1949 hadi 1959. Uenyekiti alioendelea nao mpaka kufa kwake, tarehe 9 Septemba 1976, ulikuwa wa Chama. Msomi wa Kongo aliyezoea kusoma siasa kwa Kifaransa na kuijadili kwa Kiswahili amesimama mahali pazuri pa kuiona kasoro hiyo, ikiwa hataiacha lugha ya kwanza iitawale ya pili.

Cheo cha Mwenyekiti wa Dola, «guojia zhuxi», kiliwekwa na katiba ya 1954. Hakikuwa cheo kidogo. Mwenye nacho aliamuru majeshi, aliongoza Baraza la Ulinzi wa Taifa, na aliweza kuitisha mkutano mkuu wa dola kila alipoona haja. Mao alikishika kwanza. Aprili 1959 kikapewa Liu Shaoqi, ambaye alichaguliwa tena na Bunge la Umma mnamo Januari 1965. Kwa mujibu wa katiba, Bunge hilo lililomchagua ndilo pekee lililokuwa na uwezo wa kumwondoa.

Yaliyompata Liu yanafundisha zaidi ya maandishi yote ya katiba. Mapinduzi ya Utamaduni yalipoanza mwaka 1966, alishutumiwa hadharani, akapigwa, akafungiwa. Bunge halikuitishwa, tangu kikao kile cha Januari 1965 halikukutana tena mpaka Januari 1975. Oktoba 1968, Kamati Kuu ya Chama ilimfukuza uanachama na kutamka kwamba amevuliwa vyeo vyote, vya ndani na vya nje ya Chama. Hivyo ndivyo mkuu wa dola alivyoondolewa na kikao ambacho katiba haikukitaja. Novemba 1969 alifariki mjini Kaifeng, akiwa mgonjwa na mfungwa, na maiti yake ikachomwa kwa jina la uongo. Chama kilimsafisha jina mwaka 1980.

Kiti chake kilibaki kitupu. Mwaka 1970 palizuka ugomvi mkali katika kikao cha Kamati Kuu kule Lushan: Lin Biao na wenzake walitaka cheo hicho kibaki katika katiba mpya, naye Mao akakataa katakata. Wakati Rais Mobutu wa Zaire alipozuru Beijing, Januari 1973, shughuli za mkuu wa dola zilikuwa mikononi mwa mzee Dong Biwu, kaimu tu. Aliyekuwa na neno la mwisho, na ambaye Mobutu alikutana naye, ni Mao, asiye na cheo chochote cha uongozi serikalini. Katiba ya 1975 ilikifuta cheo kabisa.

Yafaa kulinganisha hapa kidogo, kwa kuwa wasomaji wengi watakumbuka enzi ya chama kimoja. Katika Zaire, marekebisho ya katiba ya 1974 yalitamka wazi kwamba Rais wa MPR ndiye kwa haki Rais wa Jamhuri. Sheria yenyewe ilivifunga vyeo viwili kwa kamba moja. Katika Tanzania vyeo hivyo vilitenganishwa kati ya 1985 na 1990: Ali Hassan Mwinyi alikuwa Rais, na Julius Nyerere akabaki Mwenyekiti wa Chama cha Mapinduzi. China haikuwahi kuwa na sheria ya kuviunganisha wala ya kuvitenga.

Cheo cha Mwenyekiti wa Dola kilirudishwa na katiba ya 1982, lakini kikiwa kimenyolewa. Uwezo wa kuamuru majeshi ulitolewa humo na kukabidhiwa Tume Kuu ya Kijeshi yenye mwenyekiti wake. Kilichobaki ni kutangaza sheria, kuteua kwa kufuata uamuzi wa Bunge, kupokea mabalozi na wageni. Li Xiannian, aliyekishika kuanzia 1983 hadi 1988, na Yang Shangkun aliyemfuata hadi 1993, walikuwa wazee wa kuheshimiwa. Hakuna kati yao aliyekuwa kiongozi wa Chama. Na ni wakati huohuo, cheo kilipopunguzwa, ndipo tafsiri rasmi ya Kiingereza ilipoacha neno lenye maana ya mwenyekiti na kushika lile la rais. Kichina hakikubadilika hata herufi moja. Baadaye Kiswahili kikafuata Kiingereza, na «Mwenyekiti» wa zamani akawa «Rais».

Mwaka uleule wa 1982, Chama nacho kilifuta uenyekiti wake, ili asitokee Mao mwingine. Mkuu wa Chama akawa Katibu Mkuu, «zongshuji». Hapa tena maneno yana mzaha wao. «Shuji» kwa asili ni mtu wa kuandika na kuhifadhi kumbukumbu, kama vile «katibu» la Kiswahili lilivyotoka katika Kiarabu cha kuandika. Mwandishi, aliyekaa pembeni ya mkeka akinukuu maneno ya wakubwa, ndiye aliyekuja kuwa mkubwa. Njia hiyo ilifunguliwa Moscow, ambako Stalin alifanywa Katibu Mkuu mwaka 1922. Chen Duxiu, kiongozi wa kwanza wa Chama cha Kikomunisti cha China kilichoanzishwa 1921, aliitwa katibu pia. Lakini Deng Xiaoping alipopewa jina hilohilo la Katibu Mkuu mwaka 1956, alikuwa mkuu wa sekretarieti tu, chini ya Mwenyekiti Mao. Jina moja, vyeo viwili. Mfasiri asiyetazama mwaka hupotea.

Je, basi ukatibu mkuu ndio utawala? Miaka ya 1980 inamkatalia yeyote atakayejibu kwa haraka. Hua Guofeng alikuwa amerithi kila kitu mwaka 1976: uenyekiti wa Chama, uwaziri mkuu na uenyekiti wa Tume ya Kijeshi, kufikia Juni 1981 vyote vilikuwa vimemtoka. Aliyemshinda, Deng Xiaoping, hakuwahi kuwa mkuu wa dola, wala mkuu wa Chama, wala waziri mkuu. Alichoshika kwa mkono wake ni jeshi, kuanzia 1981 hadi Novemba 1989. Mwaka 1987 alitoka katika Kamati Kuu, na katiba ya Chama ikarekebishwa ili mwenyekiti wa Tume ya Kijeshi asilazimike kuwa mjumbe wa Kamati ya Kudumu ya Politburo. Kwa miaka miwili majeshi yote yaliamriwa na mwanachama wa kawaida. Makatibu wakuu wawili, Hu Yaobang na Zhao Ziyang, waliangushwa mbele ya macho yake, wa kwanza Januari 1987, wa pili Juni 1989. Mwezi mmoja kabla ya kuanguka, Zhao alimwambia Mikhail Gorbachev kwamba katika mambo makubwa Chama bado kilimhitaji Deng. Watu wengi nje ya China walidhani hiyo ni heshima kwa mzee. Kumbe ilikuwa ni maelezo ya utaratibu wenyewe.

Baada ya msukosuko wa 1989 ndipo vyeo vitatu vilipoanza kutiwa mkononi mwa mtu mmoja. Jiang Zemin alikuwa Katibu Mkuu tangu Juni 1989, akapewa Tume ya Kijeshi Novemba, na uenyekiti wa dola Machi 1993. Hu Jintao alimrithi katika Chama mwaka 2002 na katika dola mwaka 2003, lakini jeshi alilingoja: Jiang aliking'ang'ania kiti hicho hadi Septemba 2004. Xi Jinping hakungojeshwa, kwani Novemba 2012 alipokea Chama na jeshi kwa pamoja, na dola ikafuata Machi 2013.

Juu ya Waziri Mkuu maneno machache yatatosha. Kichina humwita «zongli», msimamizi wa yote, na neno waziri halimo. Zhou Enlai alikishika cheo hicho tangu 1949 hadi kufa kwake Januari 1976, na umashuhuri wake umewafanya wengi wakidhanie kuwa kikubwa kuliko kilivyo. Waziri Mkuu huendesha Baraza la Taifa na uchumi. Li Qiang anacho tangu Machi 2023. Mwaka uliofuata, mkutano wake na waandishi wa habari baada ya kikao cha Bunge, desturi iliyodumu takriban miaka 30, uliondolewa.

Yasemwayo hapo juu huangaza pia kile kilichotokea tarehe 11 Machi 2018, ambapo Bunge lilifuta kikomo cha vipindi viwili kwa kura 2,958 dhidi ya 2, na 3 zisizoegemea upande wowote. Vyombo vya habari vya dunia vilisema Rais ameruhusiwa kutawala bila kikomo. Ukweli ni kwamba kikomo hicho kiliwekwa na katiba ya 1982 juu ya uenyekiti wa dola, cheo dhaifu kuliko vyote vitatu. Ukatibu mkuu na uenyekiti wa Tume ya Kijeshi havikuwa nacho. Hata hivyo, hatua ile haikuwa bure: kikomo cha cheo dhaifu kilikuwa alama iliyoandikwa kwamba siku moja mwenye navyo atavitua, na alama hiyo ndiyo iliyoondolewa. Machi 2023 Xi alichaguliwa kwa kipindi cha tatu kwa kura 2,952, bila hata moja ya kupinga.

Kwa mfasiri wa Kiswahili, «Mwenyekiti wa Dola» ni tafsiri aminifu kuliko «Rais», ingawa mazoea ya magazeti hayatageuzwa kwa urahisi. Lililo rahisi ni kuangalia mpangilio wa Wachina wenyewe. Kiongozi wao anaposema na wananchi wake, vyeo vyake hutajwa kwa taratibu isiyobadilika: kwanza Katibu Mkuu wa Kamati Kuu, pili Mwenyekiti wa Dola, tatu Mwenyekiti wa Tume Kuu ya Kijeshi. Anapompokea rais wa nchi ya kigeni, kwa kawaida hutajwa cha pili peke yake.