Mtoto na Kazi za Nyumbani: Amri Peke Yake Haitoshi

Kilio cha wazazi wengi, mijini na hata vijijini, ni kwamba watoto wa siku hizi hawapendi kazi. Mama huagiza mara nne na ufagio usishikwe. Mara ya tano, kwa kuonyeshwa fimbo, hushikwa kwa kununa, na uwanja hufagiliwa katikati tu, majani yakaachwa pembezoni. Lawama hutupiwa televisheni, simu, shule na watoto wa jirani. Lakini liko swali moja ambalo aghalabu hatujiulizi: mtoto huyu alipokuwa na umri wa miaka mitatu, je, hata wakati ule hakupenda kazi?

Kila aliyelea anajua jibu. Mtoto wa miaka mitatu hung'ang'ania ufagio uliomzidi kimo. Mama akifua, naye hutumbukiza mikono katika beseni. Akichambua mchele, naye hutia vidole katika ungo, na kiasi kikamwagika. Nasi humwambia nini? "Hebu ondoka hapa, nenda kacheze." Basi huondoka akaenda kucheza, na mchezo wenyewe ni kupika: vifuu ndivyo masufuria, mchanga ndio wali, majani ya mwarobaini ndiyo mboga. Tumemfukuza kazini, naye amekwenda kuiigiza kazi ile ile nyuma ya nyumba. Baada ya miaka saba ya kufukuzwa hivyo, siku moja tunamwita aje afanye kazi, kisha tunashangaa kwamba haji.

Hamu hiyo ya mtoto kutaka kusaidia si maneno ya wazazi wanaosifia watoto wao. Mwaka 2006 wataalamu wawili wa saikolojia, Felix Warneken na Michael Tomasello, waliokuwa katika taasisi ya Max Planck mjini Leipzig, Ujerumani, walitangaza matokeo ya majaribio waliyoyafanya kwa watoto wa miezi 18. Mtu mzima alijifanya ameangusha kitu asichoweza kukifikia, au amebeba mzigo mikono yote miwili hata akashindwa kufungua kabati. Wengi wa watoto hao walimwendea wakamsaidia pasipo kuahidiwa chochote. Mwaka 2008 wakatoa matokeo ya jaribio jingine, la watoto wa miezi 20, nalo ndilo linalotuhusu zaidi. Watoto waliokuwa wakipewa zawadi kila waliposaidia, walipunguza kusaidia zawadi zilipokoma; wale ambao hawakupewa kitu waliendelea kama mwanzo.

Hapo pana onyo kwa wazazi ambao hudhani kwamba dawa ya uvivu ni sarafu. Mtoto aliyelipwa leo kwa kuosha vyombo, kesho atauliza bei ya kufagia, na keshokutwa atapima kama bei hiyo inamfaa. Hatuna ugomvi na pesa za matumizi. Mtoto apewe kwa kuwa ni mtoto wa nyumba hiyo. Vyombo navyo avioshe kwa kuwa amekula katika nyumba hiyo. Mambo hayo mawili yasifungwe kamba moja.

Ikiwa fimbo haifai na sarafu haifai, mzazi afanye nini? Jibu la kwanza ni kumpa mtoto kazi nzima, wala si vipande vya kazi. Tazama jinsi tunavyowatuma watoto: lete chumvi, shika hapa, peleka kule, rudi, funga mlango. Siku nzima mtoto huyo anatumika, na jioni hakuna kitu hata kimoja anachoweza kukionyesha akasema ni kazi yake. Yeye ni mikono na miguu ya mtu mwingine. Si ajabu akajifanya hasikii anapoitwa.

Kinyume cha hayo, chukua mfano wa nazi, kwa kuwa jikoni mwetu pwani haipiti siku nyingi bila nazi kuvunjwa. Mtoto wa miaka minane au tisa anaweza kukabidhiwa nazi tangu mwanzo hadi mwisho. Aitikise asikie kama ina maji, mkubwa amvunjie, anywe yale maji (nayo ni haki yake isiyo na mjadala), kisha aketi juu ya mbuzi na kukuna. Siku ya kwanza vipande vitakuwa vikubwa kama vya mhogo. Siku ya tatu atagundua kwamba kifuu lazima kizungushwe, na kwamba akikuna mpaka akafikia lile ganda jeusi, tui litatoka na weusi. Hakuna haja ya kumhubiria. Tui lenyewe litamwambia. Mwachie akamue na kuchuja kwa kifumbu, atenge tui la kwanza na la pili. Chakula kikiiva, baba aambiwe mbele ya wote kwamba tui la leo ni la fulani. Maneno hayo machache hufanya kazi kuliko kelele za wiki nzima, sharti tu yawe ya kweli. Mtoto hutambua upesi sifa ya bure.

La pili ni gumu zaidi, maana linamhusu mzazi mwenyewe: kuvumilia kazi mbovu. Mtoto akimaliza kufagia na mama akachukua ufagio ule ule kurudia mbele ya macho yake, ameambiwa wazi kwamba kazi yake haikuwa na thamani. Afadhali kuacha majani mawili matatu mpaka kesho, kisha umwambie kabla hajaanza, "Leo tuanzie pembeni." Na vifaa viwe vya kimo chake. Kumpa mtoto wa miaka sita ndoo ya lita 20 ni kumwonea. Mpe kidumu cha lita tatu, atakwenda na kurudi bila kuchoka, na mtungi utajaa.

Barbara Rogoff wa Chuo Kikuu cha California, Santa Cruz, ameyachunguza kwa miaka mingi maisha ya Wamaya wa San Pedro, nchini Guatemala. Aliyoyaandika yangewafanya bibi zetu watabasamu: huko mtoto hatengwi na shughuli za wakubwa. Huwapo, hutazama, huingiza mkono pale anapoweza, na kidogo kidogo hujua. Ndivyo zilivyokuwa nyumba zetu nyingi. Jioni za kupukuchua mahindi au kubambua kunde, wakubwa kwa wadogo walikaa jamvi moja, vitendawili vikitegwa, na aliyeshindwa akitoa mji. Mikono haikusimama, wala hakuna aliyehesabu saa. Jambo hilo halijapitwa na wakati. Kunde bado zina maganda hata katika nyumba yenye umeme, na redio au simu inaweza kuzimwa kwa nusu saa.

Zipo hila nyingine ndogo ambazo wazazi wanazitumia na kufaulu. Zamu iandikwe kwenye karatasi na kubandikwa mlangoni mwa jikoni, na mwandishi awe mtoto mwenyewe. Mtu huona haya kuvunja sheria aliyoiandika kwa mkono wake. Watoto wachague kazi kwa kupokezana, mdogo akitangulia kuchagua. Siku moja katika mwezi, mwenye zamu apange chakula cha siku, apewe fedha, aende sokoni na mkubwa, na arudi na chenji. Atakayeona bei ya nyanya kwa macho yake hatazimwaga tena ovyo.

Lakini hila zote hizo huharibika ikiwa kazi inatumika kama adhabu. Hapa shule zetu, kwa kweli, zina deni. Mwaka 1967 Mwalimu Nyerere alipotoa Elimu ya Kujitegemea, alitaka mwanafunzi asiidharau kazi ya mikono, shamba la shule likiwa sehemu ya masomo yenyewe. Katika shule zisizo chache jembe limegeuka kuwa chombo cha kumwadhibu aliyechelewa: kata nyasi, chota maji, fagia choo. Mtoto anayefundishwa hivyo kwamba kufagia ni malipo ya kosa, akirudi nyumbani akapewa ufagio atajiuliza amekosa nini. Mzazi asiongeze hapo. Adhabu ziko nyingi. Vyombo na ufagio viachwe.

Liko pia suala la watoto wa kiume, ambalo katika nyumba nyingi hupitiwa kimyakimya. Msichana wa miaka 10 husonga ugali huku kaka yake wa miaka 13 akingoja kunawa. Tukiulizwa, twasema jikoni si mahali pa mwanamume. Ajabu ni kwamba mtaani mambo ni kinyume: wanaokaanga chipsi na kuchoma mishikaki karibu wote ni wanaume, na dobi anayepiga pasi nguo za mtaa mzima aghalabu naye ni mwanamume. Kumbe kazi hizo ni za kike pale zisipolipwa tu!

Kuna uchunguzi uliotolewa mwaka 1973 na Carol Ember, mwanaanthropolojia wa Marekani, kuhusu wavulana wa Kijaluo kusini-magharibi mwa Kenya. Katika baadhi ya nyumba hapakuwa na dada mkubwa wa kutosha kwa kazi, hivyo wavulana wakapewa kazi zilizohesabiwa kuwa za wasichana. Ember aliona kwamba wavulana waliozifanya kwa wingi, hasa kazi za ndani ya nyumba, walikuwa na ukali na ubabe mdogo kuliko wenzao. Mzazi anayelalamika kwamba mwanawe ni mgomvi huenda akapata faida kumkabidhi mtoto mdogo wa kumlisha uji.

Na katika nyumba za mijini zenye msaidizi wa kazi, mambo haya yana uzito mwingine. Si vigumu kukuta msichana aliyetoka kijijini akifua soksi za kijana anayelingana naye kwa umri, kijana huyo akiwa amejinyoosha kwenye kochi. Watoto wote wawili wanajifunza jambo siku hiyo, na hakuna anayejifunza jema. Sheria ya Mtoto ya Tanzania Bara ya mwaka 2009 inataka umri wa kuajiriwa usipungue miaka 14, tena kwa kazi nyepesi isiyodhuru afya wala masomo. Mwenye msaidizi na ambakishie kazi yake, lakini kitanda, soksi na sahani viwe vya mwenyewe.

Kipimo hicho cha sheria kitufae hata kwa watoto wetu wa kuzaa. Kazi ya nyumbani isimnyime mtoto usingizi, daftari wala mchezo. Maji yanayochemka, jiko la mafuta na kisu kikubwa vingoje umri. Mtoto wa darasa la saba anayekesha na masomo ya ziada asibebeshwe zamu ya mtu mzima. Lakini kuosha sahani aliyolia ni dakika mbili, na hakuna mtihani uliowahi kumwangusha mtu kwa dakika hizo.

Likizo ndiyo wakati mzuri wa kuanza, kwani asubuhi hazina haraka. Anza na kazi moja tu, mathalani mchele wa chakula cha mchana: ungo mmoja, watoto wawili, kivulini. Mkubwa akipeta, mdogo aokote chuya na vijiwe. Wa miaka mitatu akija kutia mkono, asogezewe nafasi.