Kiti cha Tarime Kilipobaki Wazi

Tarehe 28 Julai 2008, Chacha Wangwe, Mbunge wa Tarime, alifariki katika ajali ya gari. Alichaguliwa mwaka 2005.

Je, watu wa Tarime wakae bila mbunge mpaka 2010? Hapana. Lakini kiti cha Bunge si shamba, mtoto hakirithi. Spika huiarifu Tume ya Uchaguzi, na Tume hupanga siku ya kura. Huo huitwa uchaguzi mdogo. Ni mdogo kwa jina tu!

Watu wa Tarime walipiga kura tarehe 12 Oktoba 2008. Jirani zao wa Serengeti hawakupiga, kwa kuwa mbunge wao alikuwapo. Alishinda Charles Mwera wa CHADEMA, chama cha Wangwe. Hakupewa miaka mitano. Alimalizia miaka miwili iliyobaki.